Ombi la Panya wa Ghalani

Siku hizi mtu hununua kijitabu, akaenda nacho chumbani, akakisoma kimya kimya kama mchoyo anayekula peke yake. Zamani zetu haikuwa hivyo. Enzi za Malkia Anne, hapa London, kijitabu kilisomwa kwa sauti. Mmoja alisoma na ishirini wakasikiliza, iwe kwenye nyumba ya kahawa, iwe kwa kinyozi, iwe kisimani ndoo zikisubiri zamu. Mtu asiyejua hata herufi moja aliweza kukuambia ni mheshimiwa gani ametukanwa wiki hii, na kama ametukanwa kwa ufundi au ovyo ovyo. Na kabla ya hao wote, waliocheka mwanzo tulikuwa sisi wanawake wa meza ya kukunjia.

Nilifanya kazi kwa Mama Wragg, mjane mwenye mtambo wa chapa, kwenye kichochoro nyuma ya kanisa kubwa la Mtakatifu Paulo. Nilikuwa na miaka ishirini na minne. Mume wangu Jabez alikuwa mpanga herufi palepale, vidole vyake vyeusi hata Jumapili. Ukiingia mle ndani, pua ndiyo iliyopokelewa kwanza. Palinuka wino wa masizi na mafuta ya kitani. Karatasi mbichi zilining'inia kwenye kamba kama nguo za wiki. Pembeni palikuwa na ndoo ya mkojo tuliyolowekea ngozi za mipira ya kupakia wino, zisije zikakakamaa. Mgeni alishika pua akatafuta mlango. Sisi tulikula humohumo pai zetu za mikunga na wala hatukusikia kitu. Leo nikiipata harufu ile, nadhani nitakaa chini nilie.

Kukunja si kazi ya mchezo. Karatasi kubwa inakunjwa mara ya kwanza, ya pili, ya tatu, na kila mkunjo unausugua kwa kipande cha mfupa wa ng'ombe mpaka ulale. Halafu unashona kwa uzi, mishono mitatu, basi. Mezani tulikuwa watatu: mimi, Mama Wragg mwenyewe, na Keziah, mwanamke mnene wa Southwark ambaye alikuwa amezika waume wawili na alikuwa akimtazama wa tatu. Desturi yetu ilikuwa mmoja asome kwa sauti wengine wakikunja. Zikifika karatasi mia tatu, kila mtu alikuwa amekariri kijitabu kizima, hata nukta zake. Mimi shule yangu ilikuwa miaka miwili jikoni kwa bibi kizee mmoja aliyefundisha watoto alfabeti huku akimenya turnipu. Mengine yote nilifundishwa na meza ile.

Sasa, nilikuwa na kaka, Gabriel, baharia kwenye meli za Malkia. Mwaka ule aliniletea barua iliyoandikwa na mwenzake, maana yeye hakujua kuandika. Nilisoma mezani, kama tulivyosoma kila kitu. Alisema biskuti wanayopewa huigonga kwanza juu ya ubao ili wadudu wenye nyumba watoke. Alisema nyama ya pipa ni ngumu kiasi kwamba wameichonga vifungo vya koti, na vifungo ni vizuri. Akasema, "Dorcas dada yangu, hata panya wa ghala wamehama meli, nasi tunawaonea wivu." Barua ya pili haikuwa yake. Ilisema Gabriel amekufa kwa tumbo karibu na pwani ya Hispania, pamoja na wengine kumi na mmoja, na bahari ilikuwa shwari.

Kila mtu London alijua ni mheshimiwa gani aliyekuwa na zabuni ya chakula kile. Sitamtaja, wajukuu zake bado wana magari ya farasi. Nyumba yake ilikuwa na madirisha arobaini.

Siku niliposoma barua ya kwanza, Bwana Ludovick Penhale alikuwa amekaa kwenye ngazi akiota moto. Huyu alikuwa mtu wa kalamu, muungwana aliyefilisika, mwembamba kama mshumaa, koti lake la kahawia limeng'aa viwiko kwa kuchakaa. Alituandikia vijitabu. Alipata majina mazuri ya vijitabu kuliko mtu yeyote niliyemjua, ila yaliyofuata baada ya jina ndiyo yaliyomshinda. Aliposikia habari ya panya akaruka juu.

"Mama Wragg! Jina nimepata! Ombi Nyenyekevu la Panya wa Ghala la Mabaharia kwa Waheshimiwa Wabunge!"

"Na ndani yake?" Mama Wragg akauliza bila kuinua macho.

"Ndani yake, mama, ni suala la siku mbili."

Ilikuwa desturi ya wachapaji wote wakati ule: ukurasa wa jina unachapwa kwanza, unabandikwa kwenye nguzo mji mzima, watu wanaanza kukiulizia kijitabu ambacho hakijaandikwa. Jumatatu tukabandika. Jumanne watu walikuwa wanagonga dirisha. Jumatano adhuhuri Bwana Penhale akaingia, kofia mkono mmoja, mkono wa pili mtupu.

"Panya," alisema, "wamenigomea."

"Wamekugomea au umewanywa?" Keziah akamwuliza.

"Keziah, dada yangu, kidogo ya vyote viwili."

Mama Wragg hakupiga kelele. Alikuwa mwanamke wa kunyamaza, na kunyamaza kwake kulitisha kuliko matusi ya soko la samaki. Akamwonyesha mlango kwa kidole. Kisha akatutazama mezani. Barua ya pili, ile ya kifo, ilikuwa imenifikia siku mbili tu kabla. Nilikuwa bado sijalia ipasavyo.

"Dorcas," akasema, "hao panya wako wangesemaje?"

Sijui yalitoka wapi. Nilikuwa nakunja mahubiri ya askofu fulani, mikono inaenda yenyewe, na mdomo nao ukaanza kwenda.

"Wangesema... Sisi panya wa ghala, raia watiifu wa Malkia tangu enzi za babu zetu, tunapiga magoti yote manne mbele ya Waheshimiwa."

Jabez akacheka. Akavuta sanduku la herufi akaanza kupanga, moja kwa moja kutoka mdomoni kwangu, herufi za risasi zikilia tik, tik, tik. Hakuna aliyeshika kalamu. Hapakuwa na karatasi hata moja yenye mwandiko wa mtu.

"Endelea, mke wangu. Usinikimbie tu."

Nikaendelea. Babu zetu walikula biskuti ya Serikali wakanenepa, wakafa kwa uzee au kwa paka, vifo vyote viwili vya heshima. Lakini tangu Mtukufu Mzabuni ashike ghala, wanetu wanang'oka meno. Shangazi yetu alionja nyama ya pipa la tisa, akafa.

"Paka akamla shangazi," Keziah akadakia, "naye akafa."

"Tumemsamehe paka," nikasema.

Tulicheka mpaka Mama Wragg akavua miwani. Kwa haki, paka alikuwa wa Keziah. Mengine yalikuwa yangu. Ilipofika mahali pa mabaharia sikucheka tena. Nilisema hivi, na bado nakumbuka kila neno: "Tunasikia kwamba wapo viumbe waitwao mabaharia ambao hupewa chakula hiki baada yetu. Hatuamini. Hakuna Serikali ya Kikristo inayoweza kumpa mwana wa mtu kitu ambacho panya amekirudisha." Herufi za Jabez zilinyamaza kidogo, kisha zikaendelea. Mwisho panya waliomba moja kati ya mawili: ama Mtukufu aje ale nao, ama wao waende wakale naye, maana upepo ukivuma kutoka kwake wanasikia harufu ya bata bukini.

"Pabaki pa Kilatini," akasema Mama Wragg. "Bila Kilatini juu, waungwana hawanunui."

Hakuna aliyejua Kilatini. Keziah akakumbuka maneno matatu yaliyoandikwa kwenye mtungi kwa muuza dawa wa Ludgate, akaenda mbio na kipande cha chaki, akarudi nayo kwenye kiganja. Jabez akayapanga. Hatukuandika jina la mchapaji. Tuliandika: Kimechapwa kwa ajili ya panya, kinauzwa popote penye tundu.

Mungu wangu, kile kijitabu! Tulichapa mara sita kwa wiki mbili. Asubuhi ukipita mitaani ulisikia "Tumemsamehe paka!" kutoka juu ya mikokoteni ya makaa. Kwenye nyumba za kahawa wasomi waligombana juu ya Kilatini, mmoja akisema kina siri ya ndani sana, mwingine akisema kina siri ya ndani zaidi. Na wote waliuliza swali moja: ni nani aliyeandika? Wengine walisema daktari wa Oxford, wengine askofu mstaafu mwenye kinyongo. Hakuna aliyesema mwanamke wa kukunja. Wangeanzia wapi?

Bwana Penhale alikuwa na koo kavu na rafiki wengi. Watu walijua ndiye aliyelibuni jina lile la kijitabu. Wakimwuliza kama ndiye, alitabasamu akatazama dari. Kila tabasamu lilikuwa na kikombe chake. Wiki ya tatu askari wa Serikali wakamkuta katikati ya tabasamu wakamchukua.

Hukumu ilikuja upesi. Atasimama kwa muda wa saa moja kwenye mkatale, pale Cheapside, siku ya soko.

Nyinyi, wajukuu zangu, hamkuona mkatale wa shingo, na mshukuru. Ni jukwaa, juu yake nguzo, juu ya nguzo ubao wenye matundu matatu, moja la shingo na mawili ya mikono. Mtu anafungwa pale uso mbele, hawezi kuinama wala kujikinga. Hukumu inasema saa moja, lakini hukumu yenyewe iko mikononi mwa watu waliosimama chini. Wakimpenda, ni saa moja ya kuumwa shingo. Wasipompenda, ni mayai viza, ni tope, ni mawe. Wiki mbili tu kabla, mtu mmoja alishushwa pale akiwa maiti, jiwe limemwingia kwenye paji la uso. Na tulisikia kwamba watu wa mzabuni walikuwa wanatafuta vijana wenye mikono mizuri ya kurusha.

Nikamwambia Mama Wragg, "Nakwenda kusema ni mimi."

"Utatuzika wote."

"Sitataja duka. Nitasema niliandika nyumbani nikampa mtu nisiyemjua."

"Dorcas, mwanangu, yule mzee alijipalia makaa mwenyewe. Nani alimwambia atabasamu?"

"Mama, yale maneno ni ya Gabriel wangu. Mtu mwingine asife kwa ajili yake. Amekwisha kufa mmoja."

Mama Wragg akafungua kabati akanipa shali yake ya heshima. "Usiende kama mfagiaji."

Nikaenda ofisini kwa Bwana Crundall, katibu aliyesimamia mambo ya vijitabu. Nilisubiri tangu asubuhi hadi jua kupita kichwani. Alikuwa na wigi kubwa kama kondoo aliyelala. Karani mmoja aliandika kwenye kona.

"Umeleta nini, mama?"

"Nimejileta mwenyewe, mheshimiwa. Ombi la Panya niliandika mimi. Bwana Penhale hana hatia."

Akanitazama kuanzia shali hadi viatu, akarudi kwenye shali.

"Ni mpenzi wako?"

"Nina mume, bwana, na Bwana Penhale ana miaka sitini na kikohozi."

"Sikiliza, mama. Aliyeandika kile ni mtu wa chuo kikuu. Nilimtambua kwa kile Kilatini."

"Kile Kilatini, bwana, kiko kwa muuza dawa wa Ludgate. Rafu ya pili, mtungi wa kijani."

"Nini?"

"Tulimwuliza baadaye maana yake. Alisema ni mafuta ya minyoo. Ya kupaka, si ya kunywa."

Karani akakohoa ndani ya mkono wa koti lake kwa muda mrefu. Bwana Crundall hakukohoa. Uso wake ulikuwa unabadilika rangi taratibu, kama kitambaa kinachoingia kwenye rangi. Kumbe alikuwa amemwandikia Waziri kurasa nne juu ya siri za Kilatini kile. Hayo aliniambia karani mlangoni wakati natoka, machozi ya kicheko yakimtoka.

"Nani mwingine umemwambia habari hii?" akauliza katibu.

"Hakuna. Andika jina langu, mheshimiwa. Dorcas Hobday."

"Sitaandika."

"Nitayasoma yote bila kitabu, usikie. Sisi panya wa ghala..."

"Mama!" Akasimama. "Nikiandika kwamba Serikali ya Malkia imetikiswa na mke wa mtu na mtungi wa minyoo, nitachekwa mimi kuliko huyo mzabuni. Nenda nyumbani ukapike."

Nikatolewa nje, mimi pamoja na shali ya Mama Wragg.

Kesho yake nikaenda jela. Nilimchukulia Bwana Penhale mkate, jibini na soksi za sufu. Nilidhani nitamkuta amelala kwenye majani akilia. Nikamkuta ameketi juu ya pipa, mahabusu wamemzunguka, wanamwita Baba Panya na kumpisha karibu na moto. Akawaomba watupishe.

"Nimekwenda kusema ukweli," nikamwambia. "Hawataki kuusikia."

Akashtuka, akanishika mkono. "Dorcas! Ulifanya hivyo?"

"Wewe walikuuliza kama ni wewe?"

"Waliniuliza."

"Ukasemaje?"

"Nikanyamaza. Kwa namna ya mtu aliyeandika."

Nilitaka kumpiga kwa ule mkate. "Mzee wangu, watakuua pale! Kwa nini husemi si wewe?"

Akachezea soksi. Vidole vyake vilikuwa vyembamba, kucha safi hata mle ndani.

"Miaka kumi na tisa nimeandika," akasema. "Juu ya ushuru, juu ya dini, juu ya bei ya makaa ya mawe. Walionisoma ni mke wangu, Mungu amrehemu, na Jabez kwa sababu ilimbidi. Sasa mwizi wa farasi ananipisha nikae karibu na moto. Usidhani sioni aibu. Naona. Lakini ni tamu, Dorcas."

"Tamu itakayokupasua kichwa."

"Naogopa sana, nisikudanganye. Jana nilitapika." Akanitazama sasa moja kwa moja. "Lakini nikisema si mimi, swali litakalofuata ni moja tu. Na mtu mwingine, si yule katibu mpumbavu, anaweza akalijibu."

Nilikuja kumwokoa, kumbe naye alikuwa amekaa pale juu ya pipa akiniokoa, kwa majivuno na kwa wema, na vyote viwili vimechanganyika kiasi kwamba hata yeye asingeweza kuvitenganisha. Aliniuliza habari za Gabriel. Nikamwambia: alivyokuwa akipiga mluzi, alivyoogopa bata, alivyonibeba mabegani kuvuka tope. Alisikiliza vizuri. Wajukuu zangu, watu wachache sana wanajua kusikiliza vile.

Siku ya soko ikafika, mchana wa jua dogo. Cheapside ilijaa tangu kanisani mpaka chemchemi. Wauza chaza, wauza mikate ya tangawizi, wenye maduka wamepandisha watoto madirishani. Mabaharia nao walikuwepo, kundi zima la kutoka bandarini Wapping, wamesimama kimya, mikono mifukoni. Jabez alikuwa upande wangu, Keziah upande wa pili na mwavuli uliovunjika aliosema ni wa mvua.

Walimleta. Bila wigi alikuwa na kichwa kidogo chenye nywele nyeupe kama za mtoto mchanga. Wakafunga ubao. Nami nikawaona wale vijana, wanne, mbele kabisa, kila mmoja na kikapu cha kabichi zilizooza. Lakini walivibeba vile vikapu kwa mikono miwili, miili imepinda. Nani anabeba kabichi hivyo?

Kijitabu chenyewe sikuwa nacho. Mtu yeyote aliyekutwa nacho siku ile angekwenda ndani, na askari walikuwa wanapekua. Karatasi ingeniponza. Lakini kichwani mwangu hakuna wa kupekua.

Nikapanda juu ya pipa la muuza samaki.

"Shuka, we mama, utavunja kifuniko!"

"Sisi panya wa ghala," nikaanza, na sauti ikatetemeka kama ya mbuzi, "raia watiifu wa Malkia tangu enzi za babu zetu..."

"Nyamazeni! Panya wanaanza!" mtu akapaza sauti. Na ule umati wote, mtu nyuma ya mtu, ukatulia. Ilikuwa ndiyo desturi yetu: kitu kikianza kusomwa, unanyamaza kwanza, utatukana baadaye.

Nikafika kwa babu zao na vifo vya heshima. Wakacheka. Nikafika kwa shangazi. Jiwe la kwanza likaruka likapiga ubao, la pili likamchana Bwana Penhale juu ya jicho, damu ikateremka. Nikakatiza hapo.

"Wee!" Muuza samaki mwenye pipa langu alikuwa amemkamata kijana mmoja kwenye kola. "Unatupigia kelele hapa, sisi tunasikiliza!" Akamwaga kikapu chake. Mawe ya barabarani yakabingirika, kabichi moja tu juu yake. "Haya, tazameni kabichi hii! Imelimwa kwenye shamba gani? La mheshimiwa?"

Sikuona yote yaliyofuata. Niliona mwavuli wa Keziah ukipanda na kushuka. Niliona mabaharia wakitoa mikono mifukoni. Vijana wale walikimbia bila vikapu na mmoja bila suruali nzima. Kisha mabaharia wakaja wakasimama kuzunguka jukwaa, mabega kwa mabega, migongo kwa Bwana Penhale na nyuso kwa watu. Mmoja wao, mzee asiye na jino, akaniashiria kwa kidevu: endelea, binti.

"Akafa," nikasema. "Paka akamla shangazi, naye akafa."

"TUMEMSAMEHE PAKA!" Cheapside nzima.

Nikawa nakimbia sasa, nataka nimalize kabla askari hawajanifikia. Na kutoka juu, kutoka kwenye ule ubao, ikaja sauti nyembamba:

"Polepole hapo, Dorcas! Hapo pana nukta!"

Watu wakacheka. Mimi nusura nimtukane. Damu inamtoka, shingo iko kwenye tundu, bado ananisahihisha maneno yangu mwenyewe! Lakini nikapunguza mwendo. Nikasema habari ya mabaharia neno baada ya neno, nikiacha nafasi kati yake, na kweli alikuwa na haki. Mezani kwa Mama Wragg tulipasema mbio kwa sababu palinichoma. Pale Cheapside, polepole, niliona wanaume wazima wakivua kofia.

Nilipomaliza, muuza samaki akanishika mkono kunishusha. "Mama, unaijua hiyo kama uliitunga wewe!"

Askari mmoja alikuwa hatua tatu kutoka kwangu. Aligeuka. Watu wa karibu waligeuka pia. Nami nikatazama juu. Bwana Penhale alikuwa ananitazama kwa jicho moja, lile lingine limezibwa na damu, na niliona midomo yake inafunguka kutamka jina langu. Angesema. Nakuapieni, angeniachia pale mbele ya watu wote ile sifa, kitu kimoja alichokuwa nacho duniani.

Nikamwahi.

"Nitaacha kuijua, baba? Nimeisikia kila siku tangu itoke, wiki tano sasa. Hata punda wa makaa angeijua!"

Wakacheka, yule askari naye akacheka, akaenda zake. Saa ya kanisa ikagonga, wakafungua ubao.

Mzabuni hakufukuzwa, msinielewe vibaya. Alikufa mzee kitandani mwake. Ila hakupita tena barabarani bila mtu kulia kama panya nyuma ya gari lake, na wanasema mwisho alitembea pazia zimefungwa hata wakati wa joto.

Jioni ile tulikwenda wote kwenye kilabu cha pombe cha Fetter Lane, Bwana Penhale kichwa kimefungwa kwa nusu ya sketi ya ndani ya Keziah. Watu walijazana. Walitaka kusikia alivyoiandika.

"Ilinijia asubuhi na mapema," akasema, "nikitazama mto. Shangazi nilimuua kwa makusudi. Pasipo kifo, mabwana, hakuna ucheshi." Akasita. Alikuwa amepotea. Akaniinamia akaninong'oneza, "Dorcas, yule paka nilimtoa wapi?"

"Ulimwota," nikamwambia.

"Nilimwota!" akawatangazia, na Keziah akanipiga teke la haki chini ya meza mpaka nikamwaga supu.

Jabez alikuwa ameweka mkono wake mweusi juu ya mgongo wangu. Mama Wragg, ambaye hakunywa kamwe mbele ya wafanyakazi, aliagiza bia kwa meza nzima, akakaa akitutazama na miwani yake mkononi. Wote hao wamekwenda sasa, nimebaki peke yangu wa meza ile. Bwana Penhale akasimama, akayumba, akainua kikombe kwa ajili ya panya. Nami nikainua changu, nikanywa, na sijapata kunywa bia tamu kama ile tena.